Mfereji Hauchimbwi Mara Moja

Msomaji wangu, ukipata kukaa katika jiji la Eldoret, utaamka asubuhi, utafungua bomba, na maji yatatoka. Utanawa uso, utajaza birika, kisha utakwenda zako bila kuuliza maji yale yametoka wapi. Si kosa lako peke yako; ndiyo desturi ya watu wa mijini popote duniani. Kitu kipatikanacho kwa kuzungusha mkono hakiulizwi nasaba yake. Lakini leo nakuomba uulize. Sehemu kubwa ya maji yale hayakuzaliwa Eldoret. Yametoka katika bwawa la Chebara, kwenye mto Moiben, katika milima ya Cherangani, nchi ya Wamarakwet. Na watu wa milima hiyo walikuwa mafundi wa kuyaongoza maji zamani, kabla jina la Eldoret halijaandikwa katika ramani yoyote.

Historia ya Eldoret yenyewe ni fupi, nayo imeandikwa vizuri. Mwaka 1908 Makaburu waliotoka Afrika Kusini walipanda na magari yao ya kukokotwa na ng'ombe mpaka uwanda wa Uasin Gishu. Mwaka 1910 posta ilifunguliwa katika shamba nambari 64, na hata leo wako watu wauitao mji huo Sisibo, kwa kuitamka nambari ile ya Kiingereza kwa ulimi wa Kikalenjin. Mwaka 1912 mji ulipewa jina la Eldoret. Mwaka 1924 reli ilifika. Mwaka 2024 mji ukapandishwa cheo ukawa jiji. Tarehe hizi ni rahisi kuzikariri, tena ni rahisi kuziuliza katika mtihani. Mimi nataka kukusimulia historia nyingine ya jirani, ambayo haina tarehe ya kuzaliwa, wala jina la mwasisi, wala jiwe la msingi. Ni historia ya mifereji ya Marakwet.

Kwanza yakupasa kuijua nchi. Ukitoka Eldoret kuelekea mashariki, utapita mashamba ya mahindi na ngano katika uwanda ulio baridi, hata utafika Iten. Hapo nchi inakatika ghafula. Mbele yako ni genge kubwa, na chini yake, zaidi ya mita 1,000, limelala bonde la Kerio, lenye joto, vumbi na miti ya miiba. Mvua inayonyesha kwa ukarimu juu ya milima huwa haba katika bonde. Ukilifuata genge hilo kuelekea kaskazini utaingia Marakwet, ambako milima ya Cherangani inapanda kupita mita 3,000. Milima hiyo ni mlango wa maji mawili. Mito ya magharibi, mmoja wao Moiben, hushuka kwenda katika Nzoia na mwisho wake ni ziwa Viktoria. Mito ya mashariki, kama Arror, Embomon na Embobut, huporomoka katika genge, huingia Kerio, na Kerio huyapeleka maji kaskazini katika ziwa Turkana.

Basi fikiri, msomaji, shida ya mkulima wa pale. Juu kuna maji, lakini mahali pa kulima ni padogo tena pameinama. Chini kuna udongo mzuri, lakini mvua haitoshi. Mto wenyewe hupita katika korongo refu, ukinguruma, na mtu aliye kando yake aweza kuusikia asiweze kuutumia. Maji yalikuwapo, na ardhi ilikuwapo. Kilichokosekana ni njia ya kuvikutanisha. Njia hiyo ndiyo mfereji.

Kazi ilianzia juu, mahali mto utokapo katika milima. Hapo watu walijenga kizuizi cha mawe, magogo, matawi na majani, si kwa kuuziba mto wote, bali kwa kuugeuza sehemu tu. Toka hapo mfereji ulichongwa katika ubavu wa mlima, ukiteremka kidogo kidogo huku mto ukiteremka kwa haraka. Kwa hiyo kila hatua mfereji uliuacha mto chini zaidi, hata mtu asimamaye mbali hudhani kwamba maji yale yanapanda mlima. Hayapandi. Yanateremka kwa adabu, na mto unateremka kwa pupa.

Adabu hiyo ndiyo elimu yenyewe. Mfereji ukiinama mno, maji hukimbia, hula kingo, na siku moja huvunja ukuta na kuporomoka. Mfereji ukiwa tambarare mno, maji hulala, hutua matope, na njia huziba. Mafundi wale hawakuwa na darubini ya kupimia wala karatasi ya hesabu. Jicho lilikuwa kipimo, na maji yenyewe yalikuwa kipimo cha kuhakikisha jicho. Walipokutana na mwamba mgumu, waliwasha moto juu yake, kisha wakaumwagia maji hata ukapasuka. Walipofika mahali pasipo udongo wa kuchimba, ambapo jabali limesimama wima juu ya bonde, walijenga ukuta wa mawe makavu toka chini, au walitandaza magogo yaliyochongwa ndani mfano wa mtumbwi, wakayaegemeza juu ya miti, na maji yakavuka hewani.

Baadhi ya mifereji hii ni mifupi, na mingine huenda zaidi ya kilomita kumi. Iliyo mikubwa ni kama 40, na urefu wake wote ukiunganishwa hukadiriwa kuwa kilomita 250 hivi. Vyombo vyao vya kuchimbia vilikuwa vijiti vilivyochongwa ncha, majembe na mikono. Mazao yaliyolishwa na maji hayo yalikuwa kwanza mtama na wimbi. Baadaye yakaja mahindi, mihogo, ndizi na maembe.

Sasa utauliza: ilichimbwa lini? Swali hilo ni la haki, na jibu lake litakufundisha jambo juu ya kazi ya mwanahistoria. Wamarakwet, kama jamaa zao wengine wa Kikalenjin, huhesabu wakati kwa marika. Majina ya marika ni manane, miongoni mwao Maina, Chumo, Sawe na Korongoro. Kila rika hushika zamu yake kwa muda wa miaka ipatayo 15, na majina yote yakiisha, la kwanza hurudi tena. Basi mzee akikuambia kwamba mfereji wa kwao ulichimbwa na watu wa Maina, amekuambia kweli, lakini yakubidi uulize: Maina wapi? Wale wa juzi, au wale waliokuwa miaka mia moja na zaidi kabla yao, au wale wa kabla ya hao? Duara halina mwanzo. Tena wako wasimuliao kwamba mifereji mingine ilikutwa pale, ikiwa kazi ya Wasirikwa, watu wale ambao jina lao limebaki katika mashimo ya mviringo yaonekanayo katika uwanda wa Uasin Gishu na mahali pengine, ambayo wachimbuzi wa mambo ya kale wameyatambua kuwa yalikuwa mazizi ya ng'ombe. Tunaloweza kusema bila kuteleza ni kwamba wageni wa kwanza wa Kizungu walipofika, mifereji ilikuwapo, na wenyeji waliihesabu kuwa mali ya babu za babu zao.

Usifikiri hata hivyo kwamba watu wa Marakwet walikuwa peke yao katika ujuzi huu. Katika miteremko ya Kilimanjaro Wachagga walichimba mifongo yao wakaimwagilia migomba. Upande wa pili wa milima ya Tugen, karibu na ziwa Baringo, Wanjemps waliyatoa maji mitoni wakalima nafaka katika nchi kavu. Misafara ya watu wa pwani katika karne ya 19, iliyotoka Mombasa na Pangani kutafuta pembe za ndovu, ilijua kwamba ikifika Njemps itapata chakula cha kununua. Joseph Thomson, msafiri wa Kiskoti, alifika huko mwaka 1883, naye alishukuru kwa nafaka iliyotokana na maji ya mfereji. Kwa hiyo, msomaji, biashara kubwa ya pembe ambayo tumeisoma vitabuni ilitegemea, mahali fulani katika njia yake, mtaro mdogo wa matope uliotunzwa na watu ambao majina yao hatuyajui.

Lakini mtaro wa Njemps haukudumu. Mwanzoni mwa karne ya 20 misafara ilikoma, mito ilibadili njia, watu wakageukia ng'ombe, na kilimo kile kikafifia. Na kusini zaidi, katika Tanzania, chini ya genge la Bonde la Ufa, pako mahali paitwapo Engaruka. Huko yamebaki mashamba ya kale yaliyogawanywa kwa kuta za mawe, na mifereji yake, katika eneo la kilomita za mraba zipatazo 20. Watu walilima pale toka kama karne ya 15 hata karne ya 18, kisha wakaondoka. Mawe yapo, mifereji ipo, maji hayapo ndani yake, wala mkulima wake hayupo.

Linganisha basi Engaruka na Marakwet. Kote kuwili watu walikuwa na akili, mikono na mawe. Kwa nini huku mfereji ni magofu, na huku maji yanakwenda mpaka leo? Kwa Engaruka sababu zimebishaniwa sana, nami sitaki kukata shauri lililo gumu. Lakini kwa Marakwet sababu moja iko wazi: mfereji haukuachwa kuwa mtaro tu, ulifanywa kuwa mapatano.

Mfereji ni mali ya ukoo au ya koo kadhaa zilizouchimba. Mambo yake huamuliwa katika kokwo, yaani baraza la wanaume watu wazima, wakutanao chini ya mti na kusema kwa zamu. Baraza hilo hugawa maji kwa koo, na kila ukoo huyagawa kwa watu wake. Siku hukatwa sehemu, mchana na usiku. Mwenye zamu ya usiku huingia shambani gizani, kwa sababu maji hayalali. Mwenye kuiba maji ya mwenziwe, kwa kufungua tuta wakati usio wake, hushtakiwa barazani na kutozwa faini. Na mfereji ukivunjika, mbiu hupigwa, na kila mwanamume wa ukoo hupaswa kutoka. Asiyefika bila udhuru hulipa. Akizidi kukaidi, hunyimwa maji. Hakuna askari anayesimamia. Jirani ndiye askari, na njaa ndiyo gereza.

Na kuvunjika si jambo la ajabu. Ni la kila mwaka. Mvua kubwa huja, mto hufura, na kile kizuizi cha matawi hubebwa chote. Mtu mgeni aweza kucheka, akasema, hawa wajinga, kwa nini hawakujenga kitu cha kudumu? Lakini kizuizi kile chepesi kina busara yake. Mafuriko yakija huondoka nacho, na mto hupita katika njia yake bila kuingia mferejini kwa nguvu na kuubomoa wote. Ni bora kujenga upya mlango kuliko kujenga upya nyumba. Kwa hiyo kila kizazi cha Marakwet kimeuchimba mfereji, wala hapana kizazi kinachoweza kusema kimeurithi bure.

Historia ya kweli haifichi upande ulio na kasoro. Katika mapatano haya wanawake hawakuwa na sauti. Mila iliwakataza kuchimba na kutengeneza mfereji, na kwa kuwa haki ya maji ilitokana na kazi hiyo, hawakukaa katika baraza lililoyagawa. Lakini shamba lilikuwa mikononi mwao kwa kupanda, kupalilia na kuvuna. Wataalamu waliochunguza jambo hili katika miaka ya 1990 waliona kwamba wanawake walipata maji kwa njia zao: kwa kuazima zamu ya jamaa, kwa kubadilishana, kwa kuomba yaliyosalia. Kumbe palikuwa na sheria iliyosemwa barazani na desturi iliyotendeka shambani, nazo hazikulingana. Ukisoma historia ya sheria yoyote, msomaji, uliza daima maswali haya mawili: walisema nini, na walitenda nini?

Serikali ya kikoloni ilipoingia, maofisa wake waliiona mifereji wakastaajabu. Mmoja wao, R. O. Hennings, aliandika makala juu ya wachimbaji hao mwaka 1941, na sifa zao zikasomwa mbali. Lakini kustaajabu si kujifunza. Mwaka 1954, wakati wa hali ya hatari, serikali hiyo hiyo ilianza mradi wa kumwagilia maji huko Perkerra, karibu na Marigat, katika bonde la Baringo ambamo Wanjemps walikuwa wamelima zamani. Mradi huo ulijengwa kwa mikono ya mahabusu. Angalia tofauti. Huko Marakwet mtu alichimba mfereji, na kwa kuchimba akapata haki ya maji. Huko Perkerra mtu alichimba kwa sababu alikuwa kifungoni, na maji hayakuwa yake. Mitaro miwili yaweza kufanana machoni, na historia zake zikawa mbali kama mashariki na magharibi.

Baada ya uhuru Wakenya wenyewe walianza kuiandika habari hii. Mwaka 1973 mwanahistoria Benjamin Kipkorir, mzaliwa wa Marakwet, alitoa pamoja na F. B. Welbourn kitabu juu ya Wamarakwet, na baada yao wengi walikuja kupima mifereji na kuichora. Mwaka 1979 serikali iliunda mamlaka ya maendeleo ya bonde la Kerio, na makao yake yakawekwa Eldoret. Baadaye likajengwa lile bwawa la Chebara, na maji ya Moiben yakatiwa katika mabomba makubwa yakapelekwa jijini. Na katika mifereji ya kale yenyewe, mahali pengine saruji imechukua nafasi ya matawi, na bomba limechukua nafasi ya gogo.

Hapa ndipo liliko jambo ambalo nataka ulifikiri sana. Saruji ni nzuri. Huokoa kazi ya siku nyingi. Lakini saruji ikipasuka, haitengenezwi kwa matawi ya mti ulio karibu. Huhitaji fedha, na fedha huhitaji mtu wa kuombwa. Tena kazi ya kila mwaka ndiyo iliyowakutanisha watu, ikawakumbusha nani ni nani, na nani anadaiwa nini. Kazi ikipungua, mikutano hupungua. Mikutano ikipungua, mapatano hulegea. Na hatari nyingine hazikosekani. Misitu ya juu ikikatwa, chemchemi hupungua na udongo hushuka. Mwezi wa Aprili 1920 wala 1820 hatuna habari zake zilizoandikwa, lakini za Aprili 2020 tunazo: maporomoko ya ardhi na mafuriko yalilikumba soko la Chesegon, mpakani mwa Marakwet na Pokot, yakaua watu na kuzoa nyumba, maduka na kituo cha polisi. Wizi wa mifugo wenye kutumia bunduki umewafukuza wakulima katika mashamba ya bondeni mara nyingi. Na vijana, ambao mabega yao ndiyo yaliyokuwa yakibeba mawe, wengi wamepanda genge kwenda kutafuta masomo na kazi. Wengine wao wako Eldoret, wanafungua bomba.

Siwalaumu. Hapana mtu aliye na haki ya kumwambia kijana abaki akibeba mawe ili wageni wapate kuja kustaajabia. Lakini liko deni. Jiji linakunywa maji ya milima ile, na si neno geni kusikia watu wa milimani wakiuliza: maji yakishuka kwenda mjini, ni nini kipandacho kuja kwetu? Swali hilo waliokaa kokwo wangelielewa mara moja. Kwao hapakuwa na maji bila wajibu. Aliyekunywa alitengeneza, na aliyekataa kutengeneza alinyimwa. Sisi tuliozoea bomba tumedhani kwamba kulipa ankara kumemaliza yote, na msitu, chemchemi na watu wanaoishi kandokando yake si shauri letu.

Basi siku moja, ukijaliwa, fika Iten usimame ukingoni mwa genge, kisha ushuke kaskazini mpaka Tot, mahali Embobut utokapo milimani. Utauona mstari mwembamba wa kijani katika ubavu wa mlima uliokauka. Ndio mfereji. Hutaona kibao kilichoandikwa jina la aliyeufungua wala mwaka. Ukimkuta mzee aliyeinama na jembe akiondoa matope, usimwulize mfereji ulichimbwa lini. Mwulize unachimbwa lini tena. Na kama una nguvu, vua viatu umsaidie.